Jana na Kesho kwa Neno Moja: Sinema za Petna Ndaliko Katondolo na Kazi Yetu ya Kushuhudia

Tumezoea kusoma katika kurasa hizi habari za katekesi, za liturujia na za sheria ya Eklezia. Leo ninaleta habari ya sinema. Najua wengine watauliza: padri ana kazi gani na sinema, wakati watu wa Beni hawajamaliza kulilia wafu wa mauaji yaliyoanza mwezi wa Oktoba 2014? Jibu langu ni fupi. Ni kwa ajili ya wafu hao ninaandika.

Siku moja, katika parokia ya upande wa Oicha, nilizika watu wa familia moja waliouawa kwa panga. Tulipomaliza sala, mtu mmoja mwenye kamera, aliyetumwa na watu wa mbali, alimwomba mama wa wafu arudi karibu na kaburi akalie tena, kwa sababu mara ya kwanza jua lilikuwa limeiharibu picha. Mama alirudi. Akalia tena. Mimi nilikuwa pale na stola shingoni, na sikusema neno. Jioni ile ile kijana wa kwaya yetu alinionyesha telefoni yake: miili ya wafu wale wale, bila kitambaa cha kuifunika, imepigwa foto na mmoja wetu na kutumwa huku na huku mpaka Kinshasa na Ulaya. Kwa siku moja niliona macho mawili: jicho la mgeni linalopanga machozi ya mama, na jicho letu wenyewe linalowavua wafu nguo. Tangu siku ile ninabeba swali hili: tusimulie namna gani habari ya kweli ya watu bila kuwaibia?

Nimekuta mtu wa Kivu yetu ambaye amelifanya swali hilo kuwa kazi ya maisha yake. Jina lake ni Petna Ndaliko Katondolo. Ninataka kupima hapa kazi yake, kusema mema yake na kasoro zake, kisha kuuliza sisi mapadri, wasemineri na wakatekista tunaweza kujifunza nini kwake.

I. Mtu na kazi yake

Petna Ndaliko ni mtengenezaji wa filme na mwalimu wa Goma. Mwaka 2000 alianzisha shirika la Yole!Africa, la kufundisha vijana muziki, dansi, foto na sinema. Katika Goma nyumba ya shirika hilo ilikuwa shule kwa vijana wengi ambao hawakuwa na mahali pengine pa kujifunza kazi hiyo. Alianzisha pia sikukuu ya sinema katika mji ule, iliyojulikana kwanza kwa jina la Salaam Kivu. Kati ya filme zake ninataja nne: Jazz Mama (2010), juu ya wanawake wa Kongo, Mabele na biso (2014), ni kusema udongo wetu, Kapita (2020), na Kumbuka (2021).

Filme hizi si hadisi za kutunga. Ni za namna ambayo Wafaransa huiita dokumentere, ni kusema zinasimulia mambo yaliyo kweli. Lakini mtu aliyezoea kuona habari za televizioni atapotea mwanzoni. Katika habari za televizioni sauti ya mwenye elimu inashuka kutoka juu na kutueleza picha moja moja: huyu ni mkimbizi, huyu ni askari, hapa palikufa watu kadhaa. Na mambo yanakwenda kwa mstari, ya kwanza kwanza na ya mwisho mwisho. Petna ameiacha njia hiyo. Anachukua picha zilizopigwa na wakoloni na kuziweka karibu na picha za leo, na kumwachia mtazamaji kazi ya kuziunganisha.

Kumbuka ni mfano mzuri. Mwaka 2020 Mholanzi Joris Postema alitoa filme aliyoipiga Goma, iliyoitwa Stop Filming Us, ni kusema: acheni kutupiga picha. Mholanzi yule hakuja kwa nia mbaya. Filme yake yenyewe iliuliza kama mtu wa Ulaya anaweza kuonyesha Goma bila kuipotosha. Lakini ni yeye aliyeuliza, na ni yeye aliyechagua jibu gani libaki na lipi likatwe. Kisha watengenezaji wawili wa Kongo, Bernadette Vivuya na Kagoma Twahirwa, walizishika picha za kazi ile na kuzipanga upya kufuatana na mawazo yao. Kazi yao ilitoka mwaka 2022 kwa jina la Stop Filming Us But Listen, ni kusema: acheni kutupiga picha, lakini sikilizeni. Kumbuka ya Petna inawafuata vijana hao wawili katika kazi hiyo ya kupanga upya.

Mtu atasema: hii ni filme juu ya filme, ni mchezo wa wasomi. Sivyo. Picha ile ile inapopita mara mbili, mara ya kwanza mkononi mwa mgeni, mara ya pili mkononi mwa mwenyeji, tunatambua jambo ambalo hatukulifikiri: picha haisemi yenyewe, inasemeshwa. Mama wa kaburini alilia kweli. Machozi yake hayakuwa ya uongo. Lakini mwenye kamera ndiye aliyeamua machozi yale yatasema nini, na yatasemea nani. Wazee wetu walijua: asiyekuwapo na lake halipo. Hapa ni vibaya zaidi, maana mama alikuwapo, na lake halikuwapo.

Tena si swali la macho tu, ni swali la feza. Mwaka 2016 mwalimu Chérie Rivers Ndaliko alitoa kitabu kwa Kiingereza juu ya muziki na sinema katika mashariki ya Kongo, akaonyesha ginsi mashirika ya misaada yanayolipa kazi ya sanaa yanavyotaka kuamuru pia sanaa iseme nini. Sisi wa Butembo na Beni tulijionea mambo ya namna hii wakati wa Ebola, tangu tarehe 1 Agosti 2018 mpaka tarehe 25 Juni 2020. Watu zaidi ya 2.200 walikufa kwa ugonjwa ule katika mashariki ya inchi yetu. Wageni wengi walikuja, wengi wao na moyo mwema, na filme nyingi zilifanywa za kutufundisha kunawa mikono na kuzika kwa hatari ndogo. Zilikuwa za lazima. Lakini katika nyingi kati yake raia alikuwa mtu wa kufundishwa tu. Hakuna aliyemwuliza anafahamu nini, wala kwa nini anaogopa.

II. Sinema ya mapadri wetu wa zamani

Mbele ya kumsifu Petna na kuwalaumu wageni, inafaa sisi mapadri tutazame nyumbani mwetu. Maana sinema ya Kongo, kwa sehemu kubwa, ililelewa mikononi mwa mapadri. Kule Léopoldville Padri Alexandre Van den Heuvel wa Scheut alitengeneza filme nyingi kwa ajili ya Wakongo. Kule Luluabourg ndugu yake wa shirika, Padri Albert Van Haelst, alitengeneza vituko vya Matamata na Pilipili, ambavyo vilichekesha watu sana. Hapa kwetu Kivu, katika Bukavu, Padri Roger De Vloo wa Mapadri Weupe alisimamia kazi ya Africa-Films. Baba Mtakatifu Pio XI alikuwa ameandika juu ya sinema katika barua Vigilanti cura mwaka 1936, na Pio XII aliandika tena katika Miranda prorsus mwaka 1957. Mapadri wale hawakungoja watu waje mjini. Walipakia mashini na shuka nyeupe katika gari, wakafika vijijini, na usiku ule hakuna mtu aliyelala. Kazi ile ilikuwa ya upendo, na sitaki kuizarau.

Lakini tuseme ukweli wote. Katika miaka ile Wazungu wengi waliamini kwamba akili ya Mwafrika haiwezi kufuata picha zinazokwenda mbio. Ndivyo walivyofikiri pia Waingereza waliojaribu kazi ya sinema za kufundisha Waafrika katika Tanganyika, tangu mwaka 1935 mpaka 1937. Basi walitengeneza filme za polepole, zenye habari moja iliyonyoka kama kamba, na mwishoni fundisho: usilewe, usiwe mvivu, tii wakubwa. Katika Kongo serkali ya ukoloni iliongeza sheria yake: Waafrika waone tu filme zilizochaguliwa kwa ajili yao. Mzungu aliona filme zake, Mwafrika aliona filme za watoto. Si ajabu kwamba mwaka 1965 Sembène Ousmane wa Senegal alimlaumu Mfaransa Jean Rouch uso kwa uso, akisema kwamba anawatazama Waafrika kama wadudu. Na Rouch alikuwa rafiki wa Waafrika! Ikiwa rafiki alisikia maneno kama hayo, wengine wangesikia nini?

Tukifahamu historia hii tutaelewa kwa nini Petna anakataa mstari ulionyoka. Kwa macho yetu ni mazoea tu. Kwake ni kamba ambayo baba zetu walifungwa nayo.

III. Ejo na lobi

Petna ameipa njia yake jina: Ejo-Lobi. Ninyi mnaojua luga za jirani mtalifurahia. Katika Kinyarwanda neno ejo ni jana, tena ni kesho. Katika Lingala neno lobi ni vilevile: jana na kesho kwa neno moja, na msikilizaji anatambua kwa maneno mengine ni siku ipi inayosemwa. Leo ndilo linalosimama katikati, na siku za pande mbili zina jina moja.

Angalieni kwanza ujasiri wa jina hili. Katika Kivu yetu mtu anaweza kuuawa kwa sababu ya luga anayosema. Kuchukua neno la Kinyarwanda na neno la Lingala, na kuyafunga pamoja kuwa jina la kazi moja, si mchezo. Wengine kwetu watasikia neno la kwanza na kukunja uso. Padri anayekunja uso vilevile ajiulize anahubiri Injili gani siku ya Mungu.

Kisha angalieni fikara yenyewe. Sisi wa diosezi ya Butembo-Beni tulipokea imani kwa mapadri wa Asunsio, waliofika kwetu mwaka 1929. Hao hufuata kanuni ya Mtakatifu Agostino, na kila msemineri amesoma ao atasoma kitabu cha kumi na kimoja cha Maungamo yake. Pale Agostino anauliza: wakati ni kitu gani? Yaliyopita hayapo tena, yatakayokuja hayajawa bado. Anajibu kwamba rohoni yote yapo sasa: yaliyopita yapo kwa ukumbusho, yatakayokuja yapo kwa kungojea, na ya leo yapo kwa kuyaangalia. Mwalimu wa Hippo, Mwafrika wa kaskazini, hayuko mbali na mtu wa Goma.

Tena liturujia yetu inatufundisha vivyo hivyo. Usiku wa Pasaka shemasi haimbi kwamba zamani za kale ulikuwako usiku mmoja ambao Waisraeli walivuka bahari. Anaimba juu ya usiku huu, ule tunaokesha. Tunasoma kuumbwa kwa ulimwengu, Abrahamu, Musa, manabii, kisha kaburi wazi, na kisha tunabatiza watu wa kijiji chetu kwa maji ya kisima chetu. Yezu mwenyewe alipoweka Ekaristi hakusema: andikeni habari hii kwa mpango. Alisema tufanye kwa ukumbusho wake, na ukumbusho huo unatangaza kifo chake mpaka atakapokuja. Jana na kesho katika mkate mmoja. Mtu anayesema kwamba habari ya kweli sharti isimuliwe kwa mstari tu, hajakesha vizuri usiku wa Pasaka.

IV. Neno la mkatekista mzee

Hapa sharti niungame kosa langu. Nilipoona filme hizi mara ya kwanza, peke yangu, katika kompyuta, nilisema moyoni: ni kazi nzuri kwa wasomi, lakini si kwa watu wetu wa vijijini; hawataifuata. Baadaye nilipata nafasi ya kuonyesha Kumbuka kwa wakatekista kumi na wawili waliokuja Butembo kwa mafungo. Nilikuwa nimetayarisha maelezo marefu. Filme ilipokwisha nilisimama niyatoe. Mzee mmoja, mkatekista kwa miaka zaidi ya selasini, alinyosha mkono akasema: "Padri, sisi tumeona. Hii ni kama matanga."

Nikamwuliza maana yake. Akasema: "Kwenye matanga hakuna mtu anayesimulia marehemu tangu kuzaliwa mpaka kufa. Mmoja anakuja, anasimulia siku waliyovuka mto pamoja. Mwingine analia kwa sababu ya deni. Mjomba anataja babu, na mtoto anauliza shamba litalimwa na nani. Unakaa siku tatu, na mwishoni unamjua marehemu. Kama mtu mmoja angesimama na kusema yote kwa mpango, tungesema: huyu ni polisi, anaandika."

Wengine walicheka, wakakubali. Mimi nilikaa kimya kwa haya. Hukumu yangu ilikuwa hukumu ile ile ya mwaka 1935: hawataifuata. Niliirisi bila kujua, nikaivaa pamoja na kanzu. Watu waliokulia kwenye kyaghanda, pale wazee wa Kinande walipokaa karibu na moto na kuachiana maneno, hawaogopi habari isiyokwenda kwa mstari. Ni mimi niliyetoka semineri kubwa niliyeogopa.

Basi hili ndilo ninaloliona kuwa jema kuu la kazi ya Petna. Hakuleta jambo geni kutoka Ulaya ili kujionyesha. Amerudisha katika sinema ginsi watu wetu wanavyokumbuka kweli: wengi wakisema, hakuna mmoja aliyekaa juu ya wengine, na marehemu akiheshimiwa kwa kuitwa tena katikati yao.

V. Mashaka matatu

Lakini mwamuzi asiyeona kasoro si mwamuzi, ni mwimba sifa. Nina mashaka matatu.

La kwanza ni juu ya wakati. Ikiwa jana na kesho ni neno moja, je, kuna jambo jipya? Goma iliangukia waasi mwezi wa Novemba 2012. Ikawaangukia tena mwezi wa Januari 2025. Mtu wa Kivu ana hatari ya kufikiri kwamba maisha ni gurudumu, na kwamba kesho itakuwa jana iliyovaa nguo nyingine. Mkristu hawezi kukaa hapo. Kwetu kuna asubuhi moja ambayo jana haikuweza kuizaa: asubuhi ya Ufufuko. Sisemi kwamba Petna anahubiri gurudumu. Yeye anakumbuka kusudi kesho itengenezwe kwa namna nyingine. Lakini njia yake peke yake haiwezi kutuambia nguvu ya kutengeneza kesho hiyo inatoka wapi. Pale sanaa inasimama, na imani inaendelea.

La pili ni zito zaidi, nalo ni juu ya ushuhuda. Kuchanganya picha za zamani na za leo ni halali, mradi mtazamaji ajue anaona nini. Katika Beni tumeona hatari. Mara nyingi picha za wafu wa inchi nyingine zimetumwa katika telefoni na kusemwa kwamba ni wafu wa jana wa hapa kwetu. Vijana wanaziona, damu inachemka, na mtu asiye na kosa anapigwa njiani. Mahali ambapo picha ya uongo inaweza kuua, mwenye kutengeneza filme ya kweli ana deni kubwa kuliko msanii wa mahali pa amani. Sipendi sauti inayoshuka kutoka juu, lakini ningependa mara nyingine neno dogo chini ya picha: mahali gani, mwaka gani, nani alipiga. Uhuru wa kucheza na wakati usiwe uhuru wa kucheza na ushuhuda. Amri ya nane haina mlango wa nyuma kwa wasanii. Wanafunzi wanaofuata mwalimu mwenye nguvu mara nyingi wanachukua uhuru wake bila kuchukua kiasi chake. Ni hao ninaowaogopea.

La tatu ni juu ya watazamaji. Filme hizi zimeonekana katika sikukuu za sinema za ngambo. Ni vema. Lakini katika Luofu, Kipese, Mbau na Eringeti ni nani aliyeziona? Petna alijenga shule na sikukuu Goma, basi lawama si yake peke yake. Lawama ni yetu pia, sisi wenye sala za parokia, wenye viti na mara nyingine mashini ya umeme. Mapadri wa zamani walikuwa na filme zaifu na miguu yenye nguvu. Sisi leo tunaweza kupata filme zenye nguvu, na miguu imechoka.

VI. Kapita

Ninabakiza kwa mwisho filme ya Kapita, kwa maana ndiyo inayotugusa zaidi. Ni fupi. Petna anatumia ndani yake picha zilizopigwa wakati wa ukoloni katika kazi za migodi, anaziweka mbele ya Kongo ya leo ambayo ingali inachimbwa. Mahali pa picha zile mpigaji alitaka tustaajabie mashini na utajiri. Petna anatufanya tutazame watu.

Jina lenyewe linatosha kuwa mahubiri. Kila mzee kwetu anajua kapita ni nani. Neno lilitoka kwa Wareno, likapita midomo ya wakoloni, likakaa katika Kiswahili chetu. Kapita hakuwa Mzungu. Alikuwa mtu mweusi aliyesimama kati ya Mzungu na wafanyakazi, mwenye kuhesabu vikapu, mwenye kuripoti wavivu, mara nyingine mwenye fimbo. Mji wa Butembo wenyewe ulikua karibu na shuguli za kampuni ya migodi, Minière des Grands Lacs. Familia nyingi hapa zilikuwa na babu aliyechimba, na nyingine zilikuwa na babu kapita. Wazee walisema: kikulacho ki nguoni mwako.

Hapa Petna ni mwema kuliko wafuasi wake wengi. Wao wangependa filme inayosema tu: mgeni ametuibia picha, mgeni ametuibia zahabu. Ni kweli, na Baba Mtakatifu Fransisko, alipofika Kinshasa tarehe 31 Januari 2023, aliwaambia wazi wenye nguvu waondoe mikono yao juu ya Kongo. Lakini jina la Kapita linatukataza kuishia hapo. Mgeni hakuweza kuingia mgodini bila kapita. Na leo hawezi kuingia maisha ya mama wa Oicha bila mtu wa kumfungulia mlango. Siku ile kaburini, ni nani aliyekuwa kapita? Nilikuwa na stola shingoni. Mwenye kamera aliniangalia mimi kwanza, kama anayeomba ruhusa, na kimya changu kilimpa.

Ndugu zangu wasemineri, padri pia anasimama kati ya wenye nguvu na watu. Anaandika ripoti kwa wafazili wa ngambo, na katika ripoti anatia foto ya mtoto mwenye njaa zaidi, si ya mtoto anayecheka. Anahubiri juu ya wafu kwa hesabu: leo kumi, jana saba. Si kwa ubaya. Lakini kapita naye hakufikiri kwamba ni mbaya. Alifikiri kwamba anafanya kazi.

VII. Tufanye nini?

Sitaki kumaliza kwa maneno makubwa. Nataja mambo matatu madogo ambayo kila parokia inaweza.

Moja: pasipigwe picha ya mfu ao ya mwenye kilio katika mazishi yetu bila ruhusa ya jamaa, na ruhusa hiyo iombwe na mtu anayejua luga yao, mbele ya kaburi kufunguliwa, si baada. Paroko asione haya kusema hapana. Na vijana wetu wa kwaya wafundishwe kwamba kufunika wafu ni tendo la huruma, hata katika telefoni.

Mbili: wakatekista waanzishe daftari ya ukumbusho. Si daftari ya hesabu. Hiyo wengine wanayo. Katika kila kijiji waandike majina ya waliouawa tangu 2014, na karibu na kila jina neno moja ao mawili ambayo jamaa wenyewe wamechagua: alipenda nini, alifanya kazi gani, nani anamlilia. Mwezi wa Novemba, tunapoombea marehemu, daftari isomwe pole pole, na watu waachwe waongeze maneno yao kama kwenye matanga.

Tatu: filme za watu wetu zionyeshwe katika sala za parokia, na baada yake padri akae kati ya watu, asisimame mbele. Asubiri mzee anyoshe mkono.

Mwaka mmoja baada ya mazishi yale nilirudi kwa mama yule, bila kamera, bila karatasi. Hakuniambia neno juu ya panga. Alinisimulia juu ya mtoto wake wa pili aliyeimba kwa sauti mbaya na hakukubali kunyamaza. Kisha juu ya miti ya kakao ambayo mtoto yule alipanda, na kwamba itaanza kuzaa. Kisha akarudi kwa siku aliyomzaa, mvua ikinyesha. Jana, kesho, jana. Sikuwa na la kuongeza. Nilimwomba tu msamaha kwa kimya changu cha kaburini, naye akanipa chai.